Wimbo wa Karani

Ogeto, karani wa kituo cha chai, alimwacha Mokeira mbele ya mizani, saa tisa na nusu alasiri, watu zaidi ya ishirini wakiwa kwenye foleni, na hakuinua hata macho. Alitundika gunia lake la chai kwenye ndoano, akasoma kilo, akabonyeza kile kimashine chake cha risiti, na karatasi ilipokuwa ikitoka akasema, kwa sauti ileile aliyotumia kuwaambia wakulima majani yao yana maji, "Usinipigie simu tena. Nimepata mtu." Akachana karatasi, akampa, kisha akatazama nyuma ya bega la Mokeira. "Anayefuata."

Basi ikawa imekwisha. Miaka mitatu ya kusindikizana hadi darajani, miaka mitatu ya Agosti hii naleta wazee wangu kuposa, Agosti ijayo naleta wazee wangu, ikaishia kwenye neno moja la foleni. Mokeira aliipokea ile karatasi kwa mikono miwili, kama alivyofunzwa kupokea kitu kutoka kwa mtu, na kwa sauti ya chini akasema asante. Hiyo asante ndiyo iliyomchoma kuliko yote. Aliteremka mlima na gunia tupu begani akijiuliza ni mtu wa namna gani anayeachwa na kushukuru.

Ni mtu wa aibu, ndiyo jibu. Mokeira akitumwa dukani Kebirigo alisubiri wateja wote waondoke ndipo aombe kiberiti. Shule aliiacha akiwa darasa la sita, na hata alipokuwapo mwalimu alilazimika kuita jina lake mara mbili ndipo akumbuke kuwa ni yule msichana wa dirishani. Mahali pamoja tu aibu ilimwachia, napo ni ndani ya chai. Ukiwa ndani ya chai, miti inakufika kiunoni, nailoni umejifunga mbele kama aproni, uso umeinama, mikono inakwenda yenyewe, majani mawili na chipukizi, majani mawili na chipukizi, na hakuna anayekutazama. Huko Mokeira aliimba. Mikono ikisimama, sauti nayo ilisimama.

Siku mbili alichuma kimya. Nyanchera, jirani yao aliyewasaidia kuchuma kila wiki na ambaye hakuna aliyewahi kumwona amenyamaza, alimwonea huruma akaongea kwa niaba ya wote wawili. Alhamisi asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala bondeni, Nyanchera alikuwa katikati ya habari ndefu ya kuku wa shemeji yake aliposikia kitu kutoka safu ya tatu, akaiacha habari ikaning'inia. Mokeira alikuwa akiimba. Aliimba kwa Kikisii, polepole, akifuata mikono yake, na kwa Kiswahili ungesema hivi:

*Karani alinipima, macho yake mashineni,*
*miaka mitatu yote akaishusha ndoanoni.*
*Akanipa karatasi, nikamwambia asante,*
*akaita nyuma yangu: Anayefuata.*

*Jumatatu nililia, Jumanne nusu tu,*
*Jumatano nikasonga ugali, nikaula wote.*
*Na chozi jingine likija kusimama mlangoni*
*naliambia pita huko: Anayefuata.*

Nyanchera alisimama na majani mkononi. Kisha akacheka mpaka miguu ikamwishia nguvu, akazama ndani ya chai, ikabaki sauti peke yake.

"Rudia hapo pa ugali," ile sauti ilisema kutoka chini.

"Hapana. Ni upuuzi wangu tu."

"Mokeira, rudia hapo pa ugali. La sivyo nitafia hapa, na mimi ni mzito, na utanibeba peke yako."

"Basi usimwambie mtu."

"Nani, mimi?"

Na kweli Nyanchera hakumwambia mtu. Aliuimba tu, kwa ile sauti yake ambayo wakwe zake huitumia kuita watu walio ng'ambo ya mto. Wanawake wa mteremko wa pili wakainua vichwa. Katika milima hii chai ya mtu ina mpaka na ng'ombe wa mtu ana kamba, lakini wimbo ukishatoka mdomoni hauna mwenyewe. Kabla ya saa sita mteremko wa pili ulikuwa unaitikia "Anayefuata" kwa pamoja, na wa tatu, ambao haukujua hata ni habari ya nani, uliitikia kwa kuwa uliona wenzake wanafurahi. Ijumaa kulikuwa na ubeti mpya kuhusu viatu vya karani vyenye ncha, ambavyo huvipangusa kwa leso kila nusu saa. Nani aliuongeza, hakuna aliyejua. Mwingine ukatokea kuhusu marashi yake, ambayo wanawake walisema yangetosha kuua wadudu wa chai shamba zima.

Mokeira alikuwa kama mtu aliyefungua ndama akamponyoka na kamba. Aliogopa sana, lakini zile mbio zilikuwa tamu. Alichuma na tabasamu alilolificha kwenye kola, na kila mteremko wa mbali ulipofika kwenye kiitikio, mgongo wake ulisisimka hadi kisogoni.

Jumatatu mama yake, Nyanchoka, ndiye aliyepeleka chai kituoni, kwa kuwa Mokeira hakutaka kuonana na mtu yule. Nyanchoka alijua bintiye ameachwa. Jambo likitokea mbele ya foleni hufika nyumbani kabla yako. Mokeira alimfuata mama yake, halafu akajificha nyuma ya lori la majani akachungulia.

Ogeto alitundika gunia la kwanza, akalishusha, akasema, "Anayefuata."

Kisha pua ya bibi mmoja mzee ikatoa mlio, na foleni nzima ikapasuka. Ogeto alitazama zipu ya suruali yake. Akaikuta imefungwa. Akageuka kuona kama kuna kitu nyuma yake, na nyuma yake kulikuwa na ukuta tu.

"Kuna nini?" aliuliza.

"Hakuna, kijana," yule bibi alisema akijipangusa macho. "Endelea na kazi. Sema tu tulisikie tena."

Kufika gunia la kumi alikuwa ameusikia wimbo wote, kipande huku, kipande kule. Jumanne alikuja na neno jipya. "Mwingine," alisema.

"Mwingine nani?" yule bibi akauliza. "Hapa kila mtu ni mwingine."

"Songa mbele."

"Nani asonge?"

Jumatano aliacha maneno kabisa akaanza kuita watu kwa kidole, na wanawake wakalalamika kwamba wao si kuku. Nyanchoka alirudi nyumbani siku hiyo akiuimba njia nzima, ameshika kiuno kwa kucheka.

"Nyanchera ana kichwa jamani," alimwambia Mokeira, ambaye alikuwa akipuliza moto. "Ametutetea vizuri. Ningezaa mtoto wa namna ile ningelala nikicheka."

"Ndiyo, mama," Mokeira alisema, akaendelea kupuliza.

Ogeto naye hakudanganyika. Watu wengine wote walisema ni wimbo wa Nyanchera, maana msichana asiyeweza kuomba kiberiti atatungaje? Lakini ndani ya wimbo kulikuwa na ile asante, na ile asante hakuna aliyekuwa ameisikia ila wawili.

Alhamisi, Nyanchoka alipofika kwenye mizani, Ogeto hakutundika gunia lake. Alilimimina lote kwenye meza ya kukagulia, akachokoachokoa, akatoa jani moja pana akaliinua juu watu walione.

"Hii ni chakula ya ng'ombe," alisema. "Rudisha."

"Ogeto mwanangu, hilo ni moja."

"Nimesema rudisha. Na umwambie binti yako, siku akinyamaza, majani yenu yatakuwa mazuri."

Nyanchoka alizoa chai yake kwa mikono, jani kwa jani, watu wakitazama pembeni ili wasimwone. Kisha akateremka mlima na gunia lililojaa kichwani wakati wenzake wakiteremka na magunia matupu, na kila aliyekutana naye alimsalimia kwa upole wa kupita kiasi. Mama huyu angeweza kuvumilia kuchekwa. Ule upole ndio uliomshinda. Ijumaa alirudi tena, akarudishwa tena.

Chai ikishachumwa haingoji. Jioni yake ilikuwa imepata joto ndani ya gunia, ikabadilika rangi, na Machogu, mumewe, akaimwaga chini ya migomba. Kiwandani ungeweza kulalamika, lakini barua yako ingesomwa mwezi ujao na jani lako linataka leo. Kituo kingine hakikupokei, namba yako si ya huko. Na kwa nyumba ile chai ndiyo iliyokuwa chumvi, ndiyo mafuta ya taa, ndiyo sabuni, ndiyo sadaka.

"Ni wewe?" Nyanchoka aliuliza, amesimama mlangoni mwa jikoni.

Mokeira alikuwa akichambua mboga za chinsaga za Sabato, kwa kuwa Ijumaa jua likizama hakuna kupika wala kununua kitu tena katika nyumba ile mpaka Jumamosi jua litue. Aliendelea kunyonyoa majani yale machungu. "Ni mimi."

Nyanchoka alivuta kigoda akakaa. "Na pale pa ugali?"

"Pote ni mimi. Isipokuwa viatu na marashi."

Mama alifumba mdomo kwa nguvu. Mashavu yakamvimba, mabega yakamtikisika, akageukia ukutani mpaka alipotulia. "Ni mzuri," alisema alipogeuka. "Sasa uuache."

Machogu aliingia akitafuta jembe. "Wimbo gani huo mnaousema siku zote hizi?"

Nyanchoka akamwimbia mstari mmoja. Machogu, ambaye ni shemasi, alibaki ameshika mpini. "Huo si wa kitabuni?"

"Wa kitabu gani, baba Mokeira?"

"Nimeuimba juzi nikipanga viti vya kanisa," alisema polepole. "Mchungaji mwenyewe alikuwa pale. Aliitikia."

Siku ya Sabato, watu wametoka kanisani na wamekula chakula cha baridi, pikipiki ilisimama mlangoni. Ogeto alishuka na viatu vyake vya ncha, mfuko wa karatasi mkononi. Mokeira aliruka nyuma ya pazia linalogawanya sebule na chumba, akabaki hapo amejibana kati ya kitanda na ukuta, akichungulia kwenye tundu la pazia.

Alijua kilichomleta. Nyanchera alikuwa amepita asubuhi na habari moto. Sharon mmoja wa kuuza vifuniko vya simu Kebirigo, yule mtu ambaye Ogeto alisema amempata, alikuwa amemwambia mbele ya wateja kwamba yeye hawezi kuolewa na kiitikio.

"Karibu, kijana," Machogu alisema. "Keti."

"Asante, mzee. Mama, habari za mchana."

"Salama," Nyanchoka alijibu, neno moja tu, kama anavyojibiwa mtu wa kuuza sufuria.

Ogeto aliweka mfuko mezani. "Nimewaletea kitu kidogo cha kunywea chai. Sukari na mkate."

Harufu ilikuwa imeshafika kabla ya maneno. Ilipenya pazia, ikamkuta Mokeira kati ya kitanda na ukuta, na tumbo lake lenye chinsaga baridi likageuka kuitazama.

Machogu aliugusa mfuko kwa kidole kimoja. "Ni wa moto."

"Sana, mzee. Nimenunua sasa hivi hapo Kebirigo. Nimemwambia mwenye duka asinipe wa jana, nataka uliotoka leo."

Machogu aliondoa kidole. Alimtazama mkewe, akatazama kalenda ya kanisa ukutani. "Leo," alisema.

"Leo hii, mzee."

"Leo ni siku gani, kijana?"

"Leo ni Juma..." Ogeto alianza, na neno likamfia mdomoni.

Nyuma ya pazia, Mokeira aliziba mdomo kwa mkono. Kicheko kilimjia kwanza. Halafu, nyuma ya kicheko, likaja jambo jingine, polepole na wazi kabisa. Miaka mitatu mtu huyu alikuwa akila kwao. Miaka mitatu alimpigia simu Jumamosi, naye akapokea jua likishatua, akamweleza kwa nini, akamweleza tena. Miaka mitatu aliona Ijumaa nyumba nzima inakimbizana na sufuria kabla ya jioni. Na hakuwa ameshika hata hilo. Hakuwa mtu mbaya aliyemsahau Mokeira ghafla kwa ajili ya msichana wa vifuniko vya simu. Alikuwa mtu ambaye hajawahi kutazama.

"Tumeshukuru," Machogu alisema kwa heshima. "Sukari itakaa. Mkate tutaula jua likitua."

Jua lilikuwa juu ya paa. Wakakaa watatu, mkate katikati yao ukitoa mvuke, kila mmoja akitazama mahali pengine. Nyanchoka alimeza mate na sauti ikasikika.

"Nimekuja kutengeneza mambo," Ogeto alisema hatimaye. "Sisi vijana hukosea. Yale mengine yameisha. Mokeira akiacha ule wimbo, Jumatatu nitapima majani yenu vizuri, na Agosti naleta wazee."

"Kwani sasa hivi unayapima vibaya?" Machogu aliuliza.

Ogeto alitoa leso akapangusa kiatu.

Ikabidi Mokeira aitwe. Alitoka akakaa kwenye ukingo wa kiti karibu na mlango, macho kwenye mkate.

"Unasemaje, Moki?" Ogeto alisema. Hakuwa amewahi kumwita Moki.

Mokeira aliusubiri moyo wake uruke, kama ulivyozoea kuruka kila alipoiona ile shingo, ile njia ya kukunja mikono ya shati. Aliupa muda. Moyo ulikaa umetulia kama kuku aliyelalia mayai, haukuinua hata jicho. Jambo hilo lilimfurahisha ghafla, kiasi cha kuogopa kwamba angecheka mbele ya mgeni.

"Nitakujibu Jumatatu," aliuambia mkate. "Kituoni."

Pikipiki ilipoondoka Nyanchoka alimfuata uani. "Sikiliza. Si lazima umpende. Lazima chai ipimwe."

"Mama."

"Nasema tu. Agosti ni mbali. Unaweza kukubali sasa, ukamkatalia Julai."

Mokeira alicheka, mama akacheka, kisha mama akaacha. "Wiki nzima ya kumwaga majani, mwanangu, na tutauza ndama. Sikutishi. Ndivyo ilivyo."

"Nikikubali atakuwa ananipima hivyo kila siku, mama. Hata nikiwa kwake."

Jua lilipozama nyuma ya mlima Machogu aliomba sala ya kufunga Sabato, sala fupi kuliko zote alizowahi kuomba, na hata kabla ya amina kuisha mkono wake ulikuwa kwenye kisu. Waliumaliza wote, hata makombo. "Mkate ni mzuri," Nyanchoka alisema akilamba kidole. "Shida ni mtu tu."

Jumatatu walianza kuchuma kabla ukungu haujanyanyuka, na walichuma kama watu wanaochagua mtama wa mbegu. Jani pana halikuingia kikapuni. Saa tisa Mokeira aliweka gunia kichwani mwenyewe. Mama na Nyanchera walimfuata na magunia yao.

Foleni ilikuwa ndefu. Habari zilikuwa zimewatangulia. Ogeto alikuwa amenyoa, amevaa shati jeupe, na tabasamu la mtu aliyekwisha kulipwa.

"Haya," alisema. "Nakusikiliza."

"Pima kwanza," Mokeira alisema, kwa sauti iliyofika kwenye kifungo cha shati lake ikaishia hapo.

"Sikusikii. Jibu kwanza, halafu nitapima. Waambie wote. Wimbo umeisha au haujaisha?"

Mokeira alifungua mdomo. Hakukutoka kitu. Macho ishirini, thelathini, yalikuwa mgongoni mwake, na aibu ikampanda kutoka miguuni kama maji ya moto. Tabasamu la Ogeto likapanuka. Alikuwa anaijua aibu hiyo. Hilo angalau alikuwa amelishika.

Basi Mokeira aligeuka, akafungua gunia, akalimimina lote mezani yeye mwenyewe. Akaanza kuyapanga majani, kundi huku, kundi huku, mawili na chipukizi, mawili na chipukizi, uso umeinama. Mikono ikashika mwendo. Na sauti, ilipoona mikono inakwenda, ikatoka.

*Alikuja siku ya Sabato, mkate wa moto mkononi,*
*miaka mitatu akila kwetu, hajui siku yetu.*
*Baba akaficha kidole, mama akameza mate,*
*mkate nao ukauliza: Jamani, mnangoja nini?*

Kisha Nyanchoka, mama mwenyewe, mke wa shemasi, akaangua kicheko kikubwa cha tumbo, na hicho ndicho kilichofungulia wengine. Yule bibi mzee alijishika kwenye nguzo. Mtu alirudia mstari wa mwisho, mwingine akaubeba, na kiitikio kikapigwa na foleni nzima hadi mabati ya kituo yakaitikia.

"Hapa ni kazini," Ogeto alisema. Shingo yake ilikuwa imetoka jasho. "Majani yako ni mabaya. Rudisha. Nani mwingine alete gunia."

Aliyekuwa nyuma ya Mokeira alikuwa Nyanchera. Aliweka gunia lake chini, akalikalia.

"Wewe, lete gunia."

"Nimechoka kidogo, karani. Mpime huyu, mimi napumzika."

Yule bibi aliyemfuata naye akakaa juu ya lake. Halafu wa tatu. Kukaa kukaenda nyuma hadi mwisho wa foleni, mmoja baada ya mwingine, hata wanaume wawili waliokuwa wamesimama pembeni wakijifanya hawasikii habari za wanawake. Hakuna aliyesema mgomo. Walikuwa wamechoka tu, wote kwa wakati mmoja, na walikuwa bado wanaimba. Lakini chai ya kila mmoja ilikuwa ndani ya yale magunia ikipata joto, na Mokeira alilijua hilo.

Ochoki, dereva wa lori, alipiga honi. Akapiga tena, kisha akashuka na kijiti cha kuchokoa meno mdomoni.

"Karani, nina vituo viwili mbele. Nini?"

"Wamekataa kupimiwa."

"Kwa nini?"

"Muulize yeye," bibi alisema kutoka juu ya gunia lake. "Anajua."

Ochoki alikwenda mezani, akachota konzi ya majani ya Mokeira, akayatawanya kiganjani. Aliyatazama kwa muda. "Hii ndiyo amekataa?"

"Ndiyo hiyo."

"Basi ile niliyoibeba wiki nzima ni nini? Nyasi?" Watu wakacheka. Ochoki hakucheka. "Karani, kiwandani wataniuliza kwa nini nimerudi tupu. Wewe niambie nitasema nini, nami nitasema hivyohivyo. Niseme ni wimbo?"

Ogeto alimtazama Ochoki, akatazama foleni iliyoketi, akatazama meza. Aliyazoa majani akayarudisha gunini. Mengine yalianguka, akainama kuyaokota, na vumbi likashika viatu vyake, wala hakutoa leso. Alitundika gunia kwenye ndoano.

"Soma kwa sauti," Mokeira alisema.

Akasoma kwa sauti. Foleni ikaguna kwa kuridhika, watu wakaanza kuinuka, wakijipangusa nyuma, wakisukumana, wakibishana kama ule ubeti wa mkate uimbwe kabla ya viatu au baada. Mashine ilianza kutoa karatasi, polepole, kwa ule mlio wake wa nzi. Ogeto aliinama juu yake. Alipoongea, alisema kwa sauti ya chini, bila kuinua macho, na safari hii ilikuwa kwa sababu hakuweza.

"Kwani hukunipenda hata kidogo?"

Mokeira alifikiri kabla ya kujibu, maana lilikuwa swali la kweli na alitaka kulijibu kwa kweli. Nyuma yake Nyanchera alikuwa tayari amekwisha kuanza kuimba, na mama yake alikuwa akimsahihisha maneno.

"Nilikupenda sana," alisema. "Ningekupenda kidogo, wimbo usingetoka mtamu hivyo."